Kutembea kwa miguu kutoka Lushoto hadi Mtae na kulala majumbani kwa wenyeji: tunaomba ushauri

Mwalimu wa Kibaha

Shikamooni wakubwa, na wenzangu habari za kazi.

Sisi ni kundi la watu sita, walimu wanne wa shule moja ya sekondari pamoja na dada yangu na mama yetu mdogo. Tunakusudia kutumia likizo ya katikati ya mwaka kutembea kwa miguu katika milima ya Usambara Magharibi, tukianzia Lushoto mjini na kumalizia Mtae, ukingoni kabisa mwa milima upande wa kaskazini. Hatutaki kupelekwa kwa gari hadi kwenye kivutio kimoja, kupiga picha na kugeuza. Tunataka kupita vijijini, kula kinacholiwa huko, na kulala katika nyumba za wenyeji badala ya hoteli. Tumetenga siku sita, pamoja na ile ya kurudi.

Jambo la kwanza tunaloshindwa kukubaliana ni kiongozi wa njia. Baadhi yetu wanasema sisi ni Watanzania, lugha tunaijua, na anayepotea atauliza. Wengine wanaona kwamba kuingia milimani bila mtu wa huko ni kujitafutia taabu.

La pili, ambalo ndilo linaloniumiza kichwa zaidi, ni malipo ya wenyeji. Mtu mmoja anayepanga safari za namna hii alinitajia bei ya jumla ya safari nzima, lakini nilipomuuliza mama atakayetupikia na kututandikia vitanda atapata kiasi gani katika fedha hiyo, alinizungusha na sikupata jibu. Sitapata raha ya kulala katika nyumba ya mtu huku sijui kama mwenye nyumba amelipwa au ameahidiwa tu.

La mwisho ni mama mdogo. Ana umri wa miaka 61, anatumia dawa za shinikizo la damu, na anatembea vizuri ila kwa mwendo wake. Je, njia hiyo inamfaa?

Natanguliza shukrani.

Mtembezi wa Moshi

Mwalimu, wazo lenu ni zuri na ninawaunga mkono. Kwa maoni yangu kiongozi si lazima kwa Mtanzania. Barabara ya kutoka Lushoto kwenda Mtae, kupitia Magamba, Malindi, Lukozi, Manolo na Sunga, inajulikana na kila mtu na ina magari ya abiria, kwa hiyo mkiifuata hampotei. Usambara si pori tupu. Ni milima iliyojaa watu, na ni nadra kutembea muda mrefu bila kukutana na mtu anayekwenda shambani au anayetoka sokoni. Fedha ambayo mngempa kiongozi mnaweza kuigawa moja kwa moja kwa familia mtakazolala kwao, na kwa njia hiyo hilo swali lako la pili litakuwa limejijibu. Ndani ya msitu wa hifadhi ni habari nyingine, na hapo nakubali kwamba mnahitaji mtu.

Kiongozi wa Lushoto

Mwalimu, karibuni sana Lushoto. Kazi yangu ni kuongoza wageni katika milima hii, na nalitaja hilo mapema ili msomaji ayapime maneno yangu akijua yanatoka kwa nani.

Ndugu yetu wa Moshi amesema kweli kuhusu barabara, lakini atakayeifuata barabara ya Mtae mwanzo hadi mwisho atakula vumbi la malori ya mboga na kuikosa Usambara yenyewe. Njia zinazofaa kutembewa ni zile za miguu zinazokatisha mabonde na kupanda migongo ya vilima, na hizo hugawanyika kila baada ya mashamba machache: moja inakwenda kwenye chemchemi, nyingine inaishia uani kwa mtu, na ya tatu, ambayo mara nyingi ndiyo nyembamba kuliko zote, ndiyo inayovuka kilima. Wakati wa kipupwe ukungu unaweza kukaa bondeni hadi jua liwe limepanda sana, na katika ukungu huo hata mimi husimama kwanza nikasikiliza maji ya mto yako upande gani. Kuuliza kunasaidia, ila bibi mtakayemkuta peke yake kwenye shamba la maharage huenda akawajibu kwa Kisambaa kitupu, na makadirio ya mwendo ya mtu aliyezaliwa mlimani hayamfai mtu aliyetoka pwani.

Kuna jambo la pili ambalo ni zito kuliko kupotea. Nyumba za kulala wageni vijijini hazina mapokezi wala mtu anayekaa akisubiri wateja. Ni nyumba za watu wenye mashamba, watoto wa shule na misiba ya majirani. Kiongozi mzuri huwa amepiga simu wiki moja kabla, amejua nyumba ipi ina nafasi, amemweleza mtendaji wa kijiji kwamba kuna wageni wanapita, na mkifika anawapeleka kwanza ofisini kusaini kitabu cha wageni kabla hamjatua mizigo. Kazi hiyo haionekani njiani, lakini ndiyo inayofanya wageni sita wasigeuke kero saa kumi na mbili jioni.

Kuhusu njia yenyewe, kwa kuwa mna mtu mzima na mna siku za kutosha, ningeigawa hivi. Mkifika Lushoto mchana, tumieni jioni hiyo kutembea hadi Irente, kilomita chache kutoka mjini, mpaka kwenye mwamba unaotazama Mazinde na mashamba ya mkonge kule chini. Ni mazoezi mazuri ya miguu, na kiongozi atajua hapo hapo nani anatembea kwa mwendo gani.

Siku inayofuata mnapanda Magamba. Huu ni msitu wa hifadhi ya mazingira asilia, uko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu Tanzania, na kuna ada ya kuingia ambayo hulipwa kwa mfumo wa serikali: mnapewa namba ya malipo, mnalipa benki au kwa simu, na mnapata stakabadhi. Bebeni vitambulisho vya taifa, kwa sababu ada ya raia na ya mgeni kutoka nje si moja. Nawaomba msikubali mtu wa kuwapitisha kwa njia ya panya ili kukwepa ada hiyo. Msitu huu ni kipande kilichobaki cha misitu ya Tao la Mashariki, ambayo imekaa katika milima hii kwa mamilioni ya miaka kwa sababu ya unyevu unaoletwa na upepo wa Bahari ya Hindi, na mito inayonywesha mashamba yote mtakayoyaona siku zinazofuata inaanzia humo na katika misitu mingine michache iliyobaki kama Shagayu.

Ndani ya msitu tembeeni taratibu na punguzeni mazungumzo. Mtawasikia mbega kabla ya kuwaona. Huguruma kwa sauti nzito kuliko mwili wao, kisha mkiinua macho mtaona mikia mirefu yenye ncha nyeupe ikining'inia. Kinyonga mwenye pembe hukaa kwenye vichaka vya kando ya njia, na asiyemjua anaweza kumpita bila kumwona. Mkibahatika mtaonyeshwa kwenye mwamba wenye kivuli lile ua dogo la zambarau ambalo Baron Walter von Saint Paul-Illaire, aliyekuwa mtawala wa Kijerumani huku, alituma mbegu zake kwao, na mwaka 1893 likapewa jina la Saintpaulia kwa heshima yake na baba yake. Leo linauzwa katika vyungu madirishani mwa Ulaya nzima, ilhali katika milima lilikotoka linazidi kuwa adimu. Msilichume hata jani.

Mkitoka msituni mnaingia katika nchi ya mboga. Siku ya pili na ya tatu ya matembezi ni mabonde ya kabichi, karoti, viazi na pilipili hoho, matuta yaliyoshikiliwa na majani ya malisho ili udongo usishuke, na wanaume wanaobeba magunia mgongoni kuyapandisha barabarani. Lukozi ndiko mboga nyingi hukusanywa kabla ya kusafirishwa kwenda Dar es Salaam na Tanga. Siku za gulio epukeni kupanga kulala katika vijiji vya karibu bila kuwauliza wenyeji kwanza, kwa sababu mama wa nyumba huwa sokoni tangu alfajiri na hurudi amechoka. Kutoka Lukozi mnaweza kukata kwenda Rangwi, kwenye nyumba ya masista wa Kikatoliki ambao wamezoea kupokea watembeaji. Kwa mama mdogo itakuwa mahali pazuri pa kupumzikia. Kutoka Rangwi ni mwendo wa kutwa hadi upande wa Sunga, na siku ya mwisho ni Mambo na Mtae.

Mtae ndiko milima inakokatika. Mnasimama katika kijiji chenye nyumba pande zote mbili za mgongo mwembamba wa mlima, na mbele yenu ardhi inashuka ghafla hadi kwenye mbuga ya Mkomazi. Kulia mnaitazama Kenya, kushoto milima ya Upare, na asubuhi isiyo na wingu Kilimanjaro huonekana. Hapo ndipo mtaelewa kwa nini Wasambaa wametofautisha tangu zamani nchi yao ya milimani, Shambaai, na nyika iliyo chini: huku juu ni mvua, ndizi na usalama, kule chini ni ukame, homa na wavamizi. Enzi za utawala wa Wakilindi, ambao mfalme wao mashuhuri Kimweri ye Nyumbai alifariki mwaka 1862, makao makuu yalikuwa Vuga, ambayo haiko kwenye njia yenu, lakini sehemu kama Mtae zilikuwa macho ya kuitazama nyika. Ombeni mzee wa hapo awasimulie mwenyewe, kwa maana anayo mengi kuliko mimi.

Sasa malipo. Umeuliza swali ambalo wageni wachache huuliza, na nakushukuru. Mtakeni kiongozi yeyote awape mchanganuo kwa maandishi kabla hamjalipa hata shilingi: ada ya msitu, mchango wa kijiji kama upo, ujira wa kiongozi, malazi kwa kila mtu kwa kila usiku, na chakula. Kiongozi anayejua anachofanya hatakasirika. Mimi ujira wangu nautaja wazi, na fedha ya malazi siishiki. Mgeni anampa mwenye nyumba. Anayekataa kuwaonyesha mchanganuo, mwacheni na mtafute mwingine, maana utalii wa vijijini huku ulianza miaka ya 1990 na viongozi wenye leseni na kitambulisho wapo wa kutosha.

Mwenyeji wa Sunga

Asalaam alaikum, na shikamooni mnaostahili.

Nimo miongoni mwa wanawake wanaopokea wageni katika kijiji chetu, na naomba niseme ya jikoni, ambayo huwa hayasikiki sana watu wanapopanga safari.

Mgeni akifika jioni anaona sahani ya makande na ndoo ya maji ya moto. Ngoja nikueleze ndoo hiyo, Mwalimu. Mwezi wa Julai huku usiku ni baridi kali, na hakuna mtu wa Kibaha atakayeoga maji ya baridi. Wageni sita ni ndoo sita, na ndoo sita zinachemshwa kwa kuni. Msitu wa hifadhi hatuingii kukata tunavyotaka, na ni haki usilindwe kwa maneno tu, kwa hiyo kuni zetu ni matawi ya migrivea na miwati ya mashambani, au ni za kununua. Matawi hayo yakikatwa leo hayawaki leo. Katika ukungu wetu yanahitaji wiki kadhaa chini ya bati ndipo yawake bila kujaza moshi jikoni. Mzigo mmoja ambao ungenipikia kwa siku kadhaa unakwisha kwa maji ya kuoga ya jioni moja. Mablanketi nayo, nikishayafua, siku za ukungu hayakauki kutwa, na yakiwa hayatoshi ninaazima kwa jirani, ambaye naye nitamrudishia yakiwa yamefuliwa. Hayo yote ni kazi ya mwanamke, pamoja na mabinti zake kama wapo, na inafanyika kabla mgeni hajatua begi na baada ya yeye kuondoka.

Ndiyo maana nasema fedha ya malazi na chakula apewe mwanamke aliyepika, mkononi mwake, asubuhi kabla hamjaondoka, na wengine wote wakiona. Asipewe mtu mwingine kwa niaba yake, hata kama ni mumewe, na hata kama aliyeomba kuipokea ni mtu wa heshima pale kijijini. Wapo waliokuja kwetu na kuambiwa kwamba kila kitu kimekwisha kulipwa mjini. Waliondoka wakiwa na dhamiri safi, na sisi tukasubiri fedha ambayo ilifika nusu, tena baada ya kufuatilia sana. Mgeni hakuwa na kosa, ila nyumba ile haikutaka tena kupokea wageni, na hiyo ni hasara kwa kila mtu.

Kwa bei, msikubaliane na mimi peke yangu wala na jirani peke yake. Kikundi chetu cha wanawake cha kuweka na kukopa kimepanga kiwango kimoja kwa nyumba zote, na wageni huzungushwa kwa zamu. Bila zamu, nyumba iliyo karibu na barabara na yenye sakafu ya saruji ingechukua wageni wote, na mjane wa juu kule asingepata hata mmoja, ingawa mikono yake katika kupika inatuzidi wote. Kwa hiyo mkifika na kuambiwa kwamba watu wawili watalala hapa, wawili pale na wawili kule, msifadhaike wala msiombe kukaa pamoja. Mtakula pamoja jioni, kisha kila mmoja atasindikizwa hadi anapolala. Ukiwa mgeni pekee katika nyumba, au mko wawili, utazungumza na wenyeji. Mkiwa sita mtazungumza wenyewe kwa wenyewe, na sisi tutabaki kuwapakulia.

Idadi mtakayoitaja ndiyo mje nayo. Kundi moja lilituambia watu wanane, wakaja wawili bila hata kupiga simu. Chakula tuliwagawia majirani, lakini kuku walikuwa wamekwisha kuchinjwa.

Kuhusu zawadi, wapeni watoto salamu na mazungumzo, msiwape pipi wala fedha. Watoto wa vijiji vilivyo kwenye njia ya wageni wameanza kukimbilia kila begi linalopita wakiomba, na sisi wazazi tunaona haya. Mkitaka kusaidia shule, na ninyi ni walimu, pitieni kwa mwalimu mkuu. Hata kuzungumza na wanafunzi wa darasa la saba kwa nusu saa, kama shule haijafungwa, ni jambo litakalokumbukwa. Nyumbani mkija na kilo ya sukari, majani ya chai na kipande cha sabuni, mmekuja kama ndugu wanavyokuja. Picha ombeni kwanza, hasa jikoni na kwa wazee.

Sisi hapa ni Waislamu na Wakristo tunaoishi pamoja. Mswala upo, na msikiti hauko mbali. Asiyekula kitu fulani aseme siku ya kwanza, wala asione aibu. Choo ni cha shimo na kiko nje, basi kila mmoja awe na tochi. Wanawake waje na kanga ya kujifunga wanapotoka kuoga. Na kama mmoja wenu atapenda kuingia jikoni kumenya viazi vya kesho, kiti kipo.

Mwalimu wa Kibaha

Mama, marahaba kwa niaba ya wanaokuzidi umri, na shikamoo kutoka kwangu. Nimewasomea wenzangu maelezo yako yote, na hoja ya kutafuta njia bila kiongozi imekwisha yenyewe, kwa sababu tumeona kwamba anayetangulia kupiga simu ndiye anayewapa nafasi ya kukausha kuni. Ndugu wa Moshi atusamehe.

Kiongozi, nimekuelewa kuhusu mchanganuo, na tutakugawia majina na namba za vitambulisho. Naomba kujua mambo mawili zaidi: mama mdogo akishindwa kuendelea katikati ya njia tunafanyaje, na siku ya mwisho tunatokaje Mtae, kwa kuwa walimu wawili lazima wawe kazini siku inayofuata.

Muuguzi wa Korogwe

Mwalimu, naomba nichangie upande wa afya tu.

Urefu wa milima hiyo usiwatishe. Lushoto mjini ni takriban mita 1,400 juu ya usawa wa bahari, na sehemu za juu mtakazopita zinazidi kidogo mita 2,000, wakati maradhi ya kimo kwa kawaida huanza kuwasumbua watu wakivuka mita 2,500. Kinachochosha Usambara ni kupanda na kushuka mara nyingi kwa siku moja, na kushuka ndiko kunakoumiza magoti. Mama awe na fimbo, na ikiwezekana fimbo mbili, na aanze kutembea kila jioni huko Kibaha kuanzia sasa.

Akapime shinikizo la damu kabla ya safari na amweleze daktari wake anakwenda kufanya nini. Baadhi ya dawa za shinikizo hupunguza maji mwilini kwa njia ya mkojo. Mtu anayetumia dawa hizo akitembea juani bila kunywa vya kutosha anaweza kupata kizunguzungu anaposimama, na kizunguzungu kwenye njia ya mteremko ni hatari. Asiache dawa kwa kuogopa hilo, na asijipunguzie dozi mwenyewe. Anywe maji mara kwa mara na amuulize daktari. Dawa zake zikae kwenye mkoba anaoubeba mwenyewe, si kwenye mizigo itakayopelekwa na bodaboda, kwa sababu mizigo huchelewa.

Maji ya kunywa yachemshwe, na chandarua kitumike hata kama baridi inawafanya mdhani hakuna mbu. Mtapita Mombo, ambako ni chini na kuna joto, na malaria unayoambukizwa huko inaweza kukupata siku kadhaa baadaye ukiwa tayari umerudi kazini. Sweta na koti la mvua ni vya lazima hata Julai.

Mtembezi wa Moshi

Mwalimu, hakuna cha kusamehe. Naongeza hili moja. Barabara niliyoitaja, ile isiyowapendeza watembeaji, ndiyo itakayomfaa mama mdogo. Njia nyingi za miguu kati ya Malindi na Sunga huikaribia barabara hiyo mara kwa mara. Siku akiamka amechoka, apande gari au bodaboda ya mtu anayefahamika hadi kijiji cha kulala, mmoja wenu amsindikize, na wengine waendelee kwa miguu. Mkilipanga hilo tangu mwanzo, hatalazimika kujikaza kwa kuona anawachelewesha.

Kiongozi wa Lushoto

Ushauri huo wa kaka wa Moshi ni sahihi, na ndivyo tunavyofanya. Mizigo mikubwa nayo hutangulia kwa bodaboda. Kila mtu anabaki na maji, koti na chakula cha mchana.

Kutoka Mtae, magari ya abiria kwa kawaida huondoka usiku wa manane au alfajiri kuelekea Lushoto na Mombo, kwa hiyo usiku wa mwisho lazima mlale Mtae kwenyewe, na jioni hiyo tuzungumze na kondakta atuwekee nafasi sita. Barabara ina kona nyingi na vumbi, na ni zaidi ya kilomita 50 kabla ya kufika Lushoto, kisha nyingine kama 33 za kushuka hadi Mombo kupitia Soni. Mkifika Mombo mko kwenye barabara kuu ya Arusha na Dar es Salaam, na mabasi ya kwenda Kibaha yanapita mchana. Hao walimu wawili watafika usiku siku hiyo hiyo, ila wasipange kikao cha asubuhi inayofuata. Kama kuna uwezekano wa kuongeza siku moja, iongezeni Mtae, kwa sababu anayeondoka alfajiri haioni nyika ikipambazuka.

Mwalimu wa Kibaha

Tumekubaliana kuongeza siku hiyo. Wawili watatangulia na wanne tutabaki. Tutaondoka Kibaha Jumamosi ya pili ya mwezi wa Julai. Mama wa Sunga, tutakuwa kwenu Jumanne jioni, watu sita, wanaume watatu na wanawake watatu. Waislamu ni wawili, na hakuna asiyekula kitu isipokuwa mama mdogo, ambaye amekatazwa chumvi nyingi.

Mwenyeji wa Sunga

Nimepokea, Mwalimu. Mama mdogo nitamweka kwa jirani yangu ambaye choo chake kiko karibu na mlango na hakina ngazi, na maharage yake yatapikwa chungu cha peke yake bila chumvi. Jumanne ni karibu mno na gulio letu, hivyo nitazungumza na wenzangu nani abaki nyumbani. Mkifika Rangwi siku ya Jumatatu nipigieni simu mchana, si usiku, ili nijue kama mko sita bado.